Alipoifuta Drafti ya Mama

Video aliyotuma daktari wa meno ilikuwa na madirisha sita, na simu ya Mama Mapazia ilikataa kuonyesha hata moja. Kila alipobonyeza, kimduara kilizunguka, kikazunguka, kisha yakatokea maneno yale yale: nafasi imejaa, futa baadhi ya vitu ujaribu tena.

"Nifute nini tena?" aliiuliza simu kwa sauti.

Alikuwa amesimama katikati ya karakana yake, chumba kimoja chenye meza ndefu ya kukatia, cherehani mbili na majora ya vitambaa yaliyoegemezwa ukutani. Jina la Mama Mapazia alipewa na wateja, likamganda kiasi kwamba hata mumewe alimwita hivyo akiwa na jambo la kuomba. Nguo hakushona. Ukimpelekea sketi ya kupunguza kiuno alikuelekeza kwa jirani. Lakini pazia, kuanzia lile fupi la jikoni linaloishia juu ya sinki hadi lile zito la ukumbini linalobebwa na watu wawili, alilijua nje ndani.

Daktari wa meno alikuwa anafungua kliniki mpya na alitaka mapazia kabla wiki haijaisha. Alikuwa mtu wa haraka, anazungumza kama vile kuna mgonjwa kwenye kiti anamsubiri mdomo wazi. "Usijisumbue kuja," alikuwa amesema, "kuna vumbi la mafundi huku. Nitamwambia mlinzi apime na akurekodie video. Kila kitu utakikuta humo."

Tangu asubuhi Mama Mapazia alikuwa anafuta. Alifuta salamu zenye maua kutoka kundi la ukoo, maua mengi kiasi cha kujaza bustani. Alifuta video ya mtu asiyemjua akianguka kwenye dimbwi, ambayo alitumiwa na watu watano tofauti, kila mmoja akidhani ni wa kwanza. Kisha kwa shingo upande akafuta picha za mapazia aliyoshona zamani, zile anazowaonyesha wateja wanaosema "nataka zuri tu" bila kujua zuri ni lipi. Kila alipofuta, simu ilipata pumzi kidogo. Halafu programu nyingine, ambayo hakuiita wala kuiomba, ikajisasisha yenyewe na kula nafasi yote. Alijiona kama mtu anayefagia uani huku mwingine anamwaga takataka nyuma yake.

Simu ikaita. Daktari.

"Umeiona?"

"Inafunguka, daktari."

"Bado inafunguka? Tangu asubuhi?"

"Mtandao," alisema Mama Mapazia, neno la kila mtu anayetaka kuachwa apumue.

Alipokata simu aliketi kwenye kigoda na kufungua orodha ya programu zote, zilizopangwa kwa uzito. Juu kabisa ulikuwa mpira wa mumewe, mchezo wa kandanda uliokula nafasi kuliko picha zake zote za kazi zikiwekwa pamoja. Chini yake, duka la keki la binti yake. Chini yake tena, mchezo wa kupasua shanga ambao hakuna mtu nyumbani aliyewahi kukiri ni wake. Na mwisho kabisa, kadogo, hata hakaonekani vizuri, drafti ya mama yake.

Simu ile ilikuwa ya kazi, aliinunua kwa ajili ya kazi, na mchana ilikuwa yake. Lakini jioni iligeuka mali ya umma. Mumewe, mwokaji mikate, alikuwa na simu ya vitufe kwa sababu za kugusa zilimfia kwenye unga. Basi akitoka kazini alioga, akajilaza kwenye kochi na kunyoosha mkono bila hata kutazama, akijua simu itawekwa kiganjani. Binti yao alisubiri zamu kwa kulalamika. Na mama yake, aliyehamia kwao tangu alipoanguka bafuni na kuvunjika nyonga, hakulalamika kamwe. Alivaa miwani, akasema, "Nikopesheni kidogo," na wote wakaachia. Alicheza drafti kimya kimya karibu na dirisha, kisha akairudisha simu ikiwa imefutwa vizuri kwa pindo la kanga yake.

Mama Mapazia hakuyafikiria hayo. Alifikiria madirisha sita. Akaushika mpira wa mumewe, simu ikauliza kama ana hakika, akabonyeza ndiyo kwa hasira. Duka la keki: ndiyo. Shanga: ndiyo, tena kwa furaha. Alipofika kwenye drafti, nafasi ya video ilikuwa imeshapatikana, na nyingine ikabaki. Lakini mkono ulikuwa umepata moto. Simu ilileta maneno marefu kidogo safari hii, yanaanza na "Utapoteza", hakuyamaliza. Ndiyo.

Video ikafunguka.

Mlinzi alikuwa ameshika simu kwa ubavu, kidole chake kimefunika nusu ya kioo. Mashine ya kukatia vigae ilikuwa inanguruma chumba cha pili. "Hili ni mita moja na..." alisema mlinzi, na mashine ikameza iliyobaki. "Na hili ni kama lile." Lile lipi? Dirisha la nne lilipita kama linakimbizwa. Sehemu yote ya mwisho ilikuwa viatu vya mlinzi, vimepigwa rangi vizuri, vikitembea kwenye vumbi.

Mama Mapazia aliitazama hadi mwisho, akaitazama tena, akaweka simu mezani taratibu kama mtu anayejizuia asiivunje. Akachukua futi yake ya kupimia, akafunga mlango, akaenda kliniki kwa miguu. Madirisha yote sita yalikuwa tofauti. Hakuna lililokuwa "kama lile".

"Video ilifika vizuri, mama?" mlinzi alimuuliza getini, uso umemng'aa.

"Ilifika, baba," alisema. Angemwambia nini?

*

Nyumbani jioni, mumewe alijilaza na kunyoosha mkono. Simu ikawekwa kiganjani.

"Timu yangu iko wapi?"

"Nimewaachia wachezaji wote huru," alisema Mama Mapazia kutoka jikoni. "Watafute klabu nyingine."

Mumewe alikaa kitako. Hakuwa mtu wa kugomba. Alikuwa mtu wa kushusha pumzi, na alishusha moja ndefu iliyosikika hadi jikoni. Binti yao yeye alilia waziwazi. Duka lake la keki lilikuwa limefika kwenye ghorofa ya pili, alisema, na sasa nani atawahudumia wateja? Mama Mapazia akajibu kwamba yeye pia ana wateja, tena wa kweli, na hakuna aliyewahi kuwalilia.

Ndipo mama yake akavaa miwani. "Nikopesheni kidogo."

Alitafuta kwa kidole kimoja, kurasa zote, akarudi mwanzo, akatafuta tena.

"Mwanangu, drafti siioni."

"Nimeitoa, Mama. Simu ilijaa."

"Umeitoa ukaiweka wapi?"

"Haiwekwi mahali. Imefutwa. Lakini usijali, nairudisha sasa hivi." Akaipakua mbele yake, na kwa kuwa ilikuwa ndogo haikuchukua muda wowote. Hilo lenyewe lilimchoma Mama Mapazia kidogo, kuona kwamba alichofuta kilikuwa chepesi kiasi hicho. Ukurasa ukafunguka, rangi mpya, ukaandika: Karibu, mchezaji mpya!

"Mimi si mpya," alisema mama yake. Akagusa hapa, akagusa pale. "Mchezo wangu uko wapi? Nilikuwa katikati ya mchezo."

"Umepotea huo, Mama. Anza mwingine."

"Na mtu niliyekuwa nacheza naye?"

"Humo kuna watu maelfu. Chagua yeyote."

Mama yake alivua miwani, akaikunja, akaitia mfukoni. Akairudisha simu bila kuifuta. Alipoitwa mezani alisema ameshiba, ilhali hakuwa ametia kitu mdomoni tangu mchana.

"Mama, ni mchezo tu!"

"Kwako," alisema mama yake, na kumpa kisogo.

*

Siku zilizofuata nyumba ilikuwa nzito. Mumewe alijifundisha kutazama dari. Binti yake alijibu kwa maneno ya mkato. Hao aliwazoea, walinuna kama watu wanaonuna. Lakini mama yake hakununa. Aliitikia salamu, alisema asante, alikunja nguo zilizoanuliwa. Alikuwepo tu kama mgeni aliyefikia nyumba ya watu asiotaka kuwasumbua. Jioni aliketi karibu na dirisha mikono mapajani, hana cha kufanya.

Karakanani Mama Mapazia alikuwa anapinda chini mapazia ya daktari, kitambaa cha kijivu kisichosamehe kosa, sindano ikipita mahali hata mara moja inaacha alama. Alilazimika kufumua pindo lile lile mara mbili. Mara ya pili alijikuta anakisemesha kitambaa: "Nimefanya kosa gani kubwa hivyo? Nimemrudishia. Si nimemrudishia?"

Alifika nyumbani akiwa amejaa hadi kooni. Hakuvua hata viatu.

"Mama, leo tuseme. Mimi nafanya kazi mchana kutwa kwa simu ile. Sina nyingine. Nimefuta mpira wa Baba Watoto, nimefuta keki za mtoto, na hao wamelia yakaisha. Wewe mtu mzima unanigomea chakula kwa ajili ya drafti?"

"Sijagoma. Sina hamu tu."

"Nimekuwekea upya. Watu humo ni maelfu!"

"Sitaki maelfu," mama yake alisema. "Nilikuwa nacheza na mjomba wako."

Mama Mapazia aliketi kwenye kiti cha karibu kama aliyesukumwa.

Mjomba alikuwa mmoja tu, kaka yake mama, mpiga chapa mstaafu aliyekaa upande wa pili wa mji. Yeye na dada yake hawakuwa wamesemeshana tangu alipofariki baba yake Mama Mapazia. Mjomba hakuonekana mazishini. Alitokea siku ya tatu, mikono mitupu, akasimama mlangoni, na mama yake, aliyekuwa na machozi na hasira kwa pamoja, akamwambia asiuvuke mlango ule tena. Hakuuvuka. Miaka ikapita. Mama Mapazia alibaki na namba ya mjomba wake, akimtumia salamu za mwaka mpya kwa siri, kama mtu anayempelekea mfungwa chakula.

"Mlikutanaje humo?" aliuliza.

"Mchezo unaonyesha watu ambao namba zao ziko kwenye simu. Siku moja likaja ombi. Nikasoma: Mjomba. Nikajua alidhani ni wewe."

"Ukakubali?"

"Kidole kiliteleza." Mama yake aliangalia dirishani. "Mchezo wa kwanza tu nilitaka kujua kama atanitambua. Tulipokuwa watoto nilikuwa na mtego mmoja. Namwachia kete ya pembeni, peke yake, kama nimeisahau. Akiila tu, nakula zake tatu. Alianguka kwenye mtego ule mpaka baba yetu akamcheka. Basi nikamwachia kete ya pembeni."

"Akaila?"

"Alikaa siku nzima bila kusogeza. Siku nzima, mwanangu. Nikajua anaitazama. Kisha akaila. Mtego anaujua kuliko mimi, na akaila. Hapo nikajua kwamba amejua."

Hakuna aliyeandika neno, alisema. Mchezo ule ulikuwa na vijisura tu vya kutuma, kimoja kinacheka, kimoja kinalia, kimoja kimekunja uso. Mjomba akila kingi ya dada yake, ile kete iliyofika ukingo wa pili, alituma kinachocheka. Yeye alimjibu kwa kilichokunja uso. Ndivyo walivyokuwa wakizungumza, kila jioni, tangu mwezi ule alipotoka hospitali.

Hasira ya Mama Mapazia ilikuwa bado imo, lakini haikujua tena iende kwa nani. Akachukua simu, akafungua drafti, akatafuta. Jina lilikuwepo, na alama ya kijani ya aliye mtandaoni, na chini yake kitufe: tuma ombi.

"Huyu hapa, Mama. Bonyeza hapa tu, yameisha."

Mama yake alikitazama kitufe, akamrudishia simu. "Hapana."

"Kwa nini?"

"Safari ile aliomba yeye."

"Na sasa uombe wewe! Kuna ubaya gani?"

"Mimi ndiye niliyefiwa," alisema mama yake. "Siombi mtu."

"Mama, ni kitufe!"

"Kitufe cha kuomba. Kimeandikwa hapo hapo. Soma."

*

Asubuhi, kabla hata ya kuwasha cherehani, Mama Mapazia alibonyeza mwenyewe. Alijiambia kwamba simu ni yake, drafti imo kwenye simu yake, na kidole ni chake. Alikuwa bado anatunga uzi jibu lilipoingia: ombi lako limekataliwa.

Akabonyeza tena. Likakataliwa tena, haraka zaidi.

Akapiga simu. Mjomba wake aliishi na kelele za mitambo ya uchapaji kwa muda mrefu kiasi kwamba masikio yalikuwa yamechoka, na yeye alidhani ya wengine pia yamechoka. Mama Mapazia aliisogeza simu mbali na sikio.

"Shikamoo, Mjomba."

"Marahaba! Kama ni mama yako amekutuma, mwambie nimeelewa!"

"Umeelewa nini, Mjomba?"

"Alinifukuza mlangoni, nikanyamaza. Sasa amenifukuza na kwenye drafti. Tena nikiwa na kingi mbili! Aliona anashindwa, akanifuta. Ndivyo alivyokuwa tangu mdogo, akizidiwa anapindua ubao!"

"Hakukufuta yeye. Nimefuta mimi. Simu ilijaa."

"Ilijaa nini?"

"Video, picha, mpira wa Baba Watoto..."

"Drafti ile?" Mjomba alicheka bila furaha. "Mimi ninayo kwenye simu hii mbovu, betri imefungwa kwa mpira, na haijawahi kulalamika. Drafti haijazi simu. Usinifanye mtoto."

Mama Mapazia alifumba macho. Kweli ilikuwa hiyo hiyo moja, na hata yeye alipoisikia kinywani mwake ilisikika kama uongo. "Najua haijazi. Nafasi ilikuwa imeshapatikana. Niliifuta kwa hasira tu."

"Hasira na nani?"

"Na simu!"

Alisikia redio ya mjomba wake ikiongea nyuma, kisha ikazimwa.

"Anatembea?" Mjomba aliuliza, na sauti ilikuwa imeshuka hadi ya mtu wa kawaida.

"Kidogo kidogo. Umejuaje habari za nyonga?"

"Nilisikia ameanguka. Ningefanyaje? Kuja siwezi. Kupiga siwezi. Nikaona jina lako kwenye kile kidude, nikasema nikicheza nawe labda utaniambia hali yake." Alikohoa. "Kumbe nimempata mwenyewe."

"Njoo, Mjomba."

"Nije wapi? Kwenye mlango niliokatazwa?"

"Ule ulikuwa mlango wa nyumba ya zamani ya Mama, na wamehamia wengine. Huu ni wangu. Kwangu nani alikukataza?"

Mjomba alisema betri inaisha, na simu ikakatika. Mama Mapazia hakujua kama ni betri kweli au ni "mtandao" wa aina nyingine.

*

Mjomba alikuja Jumapili baada ya chakula cha mchana. Mume wa Mama Mapazia ndiye aliyefungua mlango, akampokea kwa mikono miwili, kisha akaona sura zilizomo sebuleni na kukumbuka kwamba binti yake anahitaji kupelekwa matembezi. Wakatoka wote wawili mbio mbio.

Mjomba alikuwa amepungua. Shati lilikuwa la mtu mnene kuliko yeye. Alisimama karibu na mlango, na mama yake Mama Mapazia akabaki kwenye kiti chake cha dirishani, mkongojo umeegemea gotini.

"Nilikuwa nakumaliza," alisema mjomba.

"Uongo. Kete zako za nyuma zilikuwa wazi zote."

"Nilikuwa na kingi mbili!"

"Kingi mbili zisizo na pa kwenda!"

Mama Mapazia alileta kiti, akamketisha mjomba wake, akaweka chai katikati yao. Wakaendelea kubishana juu ya mchezo ambao hakuna mtu tena duniani angeweza kuuona. Kisha maneno ya drafti yakaisha.

Mama yake Mama Mapazia ndiye aliyeanza. "Hukuja kumzika mume wangu."

"Nilikuja."

"Siku ya tatu."

"Siku ile ile!" Mjomba aligonga kiti. "Niliambiwa saa tisa. Nikafika kabla ya saa tisa. Nikakuta udongo umeshasawazishwa, hakuna mtu, ni mimi na mzee mmoja mchimba kaburi anaosha miguu. Nikaketi pale mpaka giza likaingia. Nikasema, dada yangu hakuweza kunisubiri hata kidogo? Nikarudi nyumbani na hasira yangu. Siku ya tatu nikasema wacha niende, pengine ataniomba radhi."

Mama Mapazia aliona uso wa mama yake ukibadilika.

"Mvua," alisema mama yake polepole. "Mawingu yalikuwa yamefunga. Wakasema tuwahi, tukayasogeza mazishi yakawa asubuhi."

"Nani aliniambia kwamba yamesogezwa?"

"Nilidhani shemeji zako wamekuambia."

"Na wao?"

"Nadhani walidhani mimi."

Mama Mapazia alijaribu kukumbuka siku ile na hakuona chochote isipokuwa viatu vya watu na matope. Hata yeye alikuwepo. Hata yeye alikuwa na namba ya mjomba.

"Kwa nini hukusema pale mlangoni?" mama yake aliuliza.

"Ulinipa nafasi?"

"Ungesema kwa nguvu! Una sauti ya kuamsha mtaa, siku ile ilikwenda wapi?" Mama yake alikuwa amesimama, bila mkongojo, ameshika ukingo wa dirisha. "Umeniacha nikukasirikie miaka yote hii bure! Bure kabisa! Nimekusema kwa majirani. Nimekusema hospitalini kwa wauguzi. Usiku nyonga inauma, nakukumbuka wewe, inazidi. Na kumbe hukuwa na kosa!"

"Na mimi je? Mimi nilikuwa nakukasirikia kwa raha yangu?"

"Sasa hasira yote hii niipeleke wapi?"

Mama Mapazia alimsogelea mama yake amshike, akasukumwa mkono. Mama yake alirudi kitini mwenyewe, taratibu, akipumua kwa nguvu, akafuta macho kwa pindo la kanga kwa ukali kana kwamba machozi nayo ni makosa ya mtu fulani.

"Na wewe," alimgeukia bintiye, "ulikuwa na namba yake."

"Nilikuwa nayo, Mama."

"Hukufikiri kumpigia siku ile?"

"Sikufikiri."

"Hm," alisema mama yake, na Mama Mapazia akajua kwamba hilo halijaisha, litarudi siku nyingine, wakiwa wawili.

Chai ilipoa. Nje watoto wa jirani walipita na mpira wakipiga kelele, wakaondoka. Mjomba alizungusha kikombe mkononi bila kunywa, kisha akauliza, akijitahidi asipaze sauti na bado ikawa kubwa kidogo:

"Shemeji alikwendaje? Mwishoni. Hakuna aliyewahi kuniambia."

Mama Mapazia alitaka kusema jambo la kuwaokoa wote, kisha akagundua kwamba hata yeye hajui. Siku baba yake alipofariki alikuwa kazini, aliitwa, alifika yameisha. Mama yake hakuwahi kusimulia, na yeye hakuwahi kuuliza, kila mmoja akimhurumia mwenzake.

"Sogeza kiti," mama yake alimwambia kaka yake. "Husikii vizuri, na mimi sitaki kupiga kelele kwa jambo hili."

Mjomba akasogeza. Mama Mapazia akaketi sakafuni kando ya miguu ya mama yake, mahali ambapo hakuwa ameketi tangu akiwa msichana.

"Asubuhi aliamka mapema," alianza mama yake. "Akaniambia anataka kunyoa ndevu. Nikamwambia, mgonjwa gani ananyoa? Akakasirika. Nikampelekea maji..."

Alisimulia mpaka chumba kikaanza kuwa na giza, na hakuna aliyeinuka kuwasha taa.